Aliyebaki na Mikanda ya Mama

Mtaani kwetu Barani alikuwako mwanamke mmoja aliyewaona wanawake wa Malindi karibu wote vichwa wazi, na kati ya wote hao aliyependa kumtazama zaidi ni mama yangu. Watu walimwita Bi Kamera, na mimi nitamwita hivyo hivyo. Jina lake nalijua, ila hajanipa ruhusa ya kuliandika, na kwa mambo ya ruhusa yule bibi hana mchezo.

Niseme wazi tangu mwanzo kwamba nimemwonea wivu tangu utotoni. Si wivu wa mali wala wa uzuri. Kila alasiri, mama akishaosha vyombo na kuswali, alijitupia buibui lake akavuka njia kwenda kwake. Nikiuliza naambiwa, "Naenda kwa shoga yangu, sasa hivi narudi." Sasa hivi yake ilikuwa mpaka magharibi. Mimi hubaki kibarazani nikiwasikia wanavyocheka ng'ambo ya pili, na roho inaniuma. Nyumbani mama hakuwa mtu wa kucheka. Nyumbani alikuwa mtu wa kuuliza sare iko wapi, nani kaacha mlango wazi, mbona wali haukuisha. Kicheko alikuwa akikipeleka kwa jirani.

Kazi ya Bi Kamera ilikuwa kupiga video arusi za wanawake. Asiyejua mambo yetu na aelewe: siku ya kupamba, bibi arusi huketishwa juu ya kiti kilichorembwa, nao wanawake wakishaingia ukumbini huvua mabuibui, zikaonekana nywele, mabega, dhahabu, na magauni yaliyoshonwa kwa ajili ya usiku huo mmoja. Mwanamume haingii, hata awe ndiye mwenye ukumbi. Kwa hiyo mpiga video sharti awe mwanamke, tena mwanamke ambaye waume na kaka za hao wanaocheza wanaweza kulala usingizi wakijua mkanda hautafika mikono isiyohusika. Kwa miaka mingi mwanamke huyo alikuwa yeye. Aliitwa arusini Malindi, akaitwa Mambrui, akaitwa Kilifi, na hakuna nyumba hata moja iliyowahi kulia kwa sababu yake.

Alikuwa mfupi mwenye mabega mapana. Kamera ile kubwa ya zamani ilimkaa begani kama mtoto aliyezoea kubebwa, na bega hilo hata leo limelala kidogo upande mmoja. Juu ya kamera palikuwa na taa kali iliyowatoa watu jasho mpaka wanja ukawachuruzika. Wasichana wakiona haya kucheza mbele yake, aliwaambia, "Chezeni nyie. Mimi si mtu, mimi ni taa." Basi wanacheka, wanajisahau, wanacheza chakacha mpaka sakafu inalia.

Yeye mwenyewe njiani alijifunika akabaki macho tu, na soksi za mikono juu yake. Mtu akimwona anakwenda sokoni hangedhani kwamba ndani ya kabati la yule bibi mna nusu ya mji unaokata viuno. Mumewe, Mwenyezi Mungu amrehemu, alikuwa na mzaha wake barazani: "Mimi nalala chumba kimoja na wake za watu wa Malindi nzima, na wallahi sijamwona hata mmoja." Wanaume wakaangua kicheko. Bi Kamera akisikia alinuna siku mbili tatu, si kwa utani wenyewe, bali kwa kuwa uliwakumbusha watu kwamba kabati lipo.

Kabati lilikuwa la mti mzito, na ufunguo wake ulifungwa kwenye pindo la leso yake. Kila arusi alitoa nakala akawapa wenyewe, na ule mkanda wa kwanza akabaki nao. Kila mmoja aliuviringisha kwa kipande cha leso kuukuu. Hakuandika kitu juu yake. Alijua arusi kwa rangi za vile vipande, na majina ya mabibi arusi alikuwa akiyasahau vibaya sana. "Yule wa gauni la rangi ya samli," alikuwa akisema, "yule ambaye wifi yake alizimia." Majina hakuyajali.

Kwa kuweka siri alikuwa mgumu, na papo hapo alikuwa mbeya kupita kiasi. Angekwambia nani kagombana na mawifi, nani biriani lake lilitoka bichi, nani kajenga choo kikaelekea dirisha la mwenziwe. Lakini alichokiona kwa kamera, hakukitoa. Kuna bwana arusi mmoja alimjia mchana, wiki haijesha, akataka kuuona mkanda wa kupambwa mkewe. "Ni mke wangu wa ndoa," akasema. Bi Kamera akamjibu akiwa nyuma ya pazia: "Wako ni mmoja, baba. Hao wengine mle ndani ni wako pia?" Yule bwana akaondoka, na hadithi ikamfika mama alasiri ile ile, akaja kutusimulia huku akimwigiza shoga yake sauti na kila kitu. Sijapata kumwona mama akimwigiza mtu mwingine yeyote.

Mikanda ikishakuwa tayari, wanawake hukusanyika nyumbani kwa bibi arusi kuitazama. Madirisha hufungwa, wavulana walioanza kubaleghe hufukuzwa, deki ya video ikawashwa. Huko ndiko nilikolijua jambo ambalo wengine walilichukulia mzaha. Kila arusi, iwe ya nani, kamera ikitulia tu inamkuta mama yangu. Mama anapanga vikuba, vishada vya asumini vya kujipamba. Mama anacheza akiwa na sahani mkononi. Mama anamnong'oneza mtu na kumfinya. Wanawake wakapiga kelele, "Huyo tena! Bi Kamera, arusi ni ya huyu shoga yako?" Naye anatabasamu tu. Mama akajifunika uso na mtandio, akafurahi, na furaha yenyewe ilikuwa dhahiri. Mimi nikawa namtazama mama aliye kwenye televisheni, kisha mama aliyekaa mkekani, na namtaka yule wa kwenye televisheni. Alikuwa mzuri zaidi, na alikuwa akiniangalia moja kwa moja. Nilichelewa kufahamu kwamba hakuwa akiniangalia mimi. Alikuwa akimwangalia aliyeshika kamera.

Nilipoolewa mimi, nikasema sasa zamu yangu imefika. Mkanda uliponijia nikauweka nikautazama peke yangu. Nimeketi juu ya kiti, macho nimefumba kama nilivyofunzwa, mikono yenye hina juu ya mapaja. Kamera ikanipanda kutoka miguuni mpaka kichwani, ikanizunguka, kisha ikaniacha. Ikaenda kwa mama. Mama analia. Mama anacheka akilia. Mama anarekebishwa vishikizo vya gauni. Mama anakula halua kwa kujiiba. Nikajiona tena mwishoni, kidogo, nikiteremshwa.

Nikavuka njia kwenda kumkabili. "Bi Kamera," nikamwambia, hata shikamoo nilisahau, "aliyeolewa ni mimi."

"Marahaba," akasema. "Kaa."

"Sikai. Mbona mimi simo?"

"Umo. Umo mwanzo na umo mwisho." Akaendelea kupepeta mchele wake. "Bibi arusi hana jambo, mwanangu. Amekaa tu na macho kafumba. Nikupige nini? Mamako ndiye aliyekuwa na jambo siku ile."

Niliuacha ule mkanda kwa mama kwa hasira, nikaenda zangu Kilifi kwa mume.

Sasa lije la msiba. Mama alipofariki, shangazi zangu walizunguka nyumba wakakusanya albamu zote na mikanda yote ambayo mama alionekana kichwa wazi. Walisema si vyema marehemu abaki akitazamwa namna ile, na walisema kwa upole, machozi yakiwatoka. Baba akakubali. Wakawasha moto uani, na arusi yangu ikaungua pamoja na nyingine. Mimi nilikuwa nimelala ndani kwa majonzi, nikasikia harufu ya plastiki na sikujua ni nini inayoungua. Niliporudi Kilifi nilibaki na picha moja ya kitambulisho, mama amekaza uso kama anayesubiri kuitwa.

Mama akawa amebaki mahali pamoja tu duniani, ndani ya lile kabati.

Nilimwendea arubaini ikiisha. Mara hii shikamoo sikusahau. Nikamwomba anipe yote yenye mama, niipeleke Mombasa kwa fundi aitie kwenye kompyuta.

"Fundi ni mwanamume?" akauliza.

"Ndiyo, lakini hatazami. Anaingiza tu."

"Aingizaje kitu bila kukitazama? Mamako hayuko peke yake mle, mwanangu. Mna wake za watu. Mna mabinti ambao leo ni manyanya. Niliwaambia mimi ni taa. Sasa niwageuke?"

"Basi nipe yenye mama tu."

"Hakuna yenye mama tu." Akanishika mkono. "Njoo utazame hapa kwangu, tutazame wote. Siku yoyote utakayo, karibu."

Alikuwa na haki, na hilo ndilo lililonichoma. Nikamwangalie mama yangu kwake? Nivuke njia kama alivyovuka yeye, nibishe hodi, nikaribishwe kwa mama mzazi aliyenibeba tumboni? Nikasema ahsante, nikaaga. Nilikuwa mwana wa marehemu, na nilikuwa nikifanywa mgeni.

Siku kuu iliyofuata nilimletea mkate wa sinia, maana adabu ni adabu. Nilipofika mlangoni, kabla sijainua mkono, nikamsikia mama anacheka.

Sitaweza kueleza vizuri. Kilikuwa kicheko chake kile cha kupanda ngazi, kinachoanza chini na kukatika juu. Nilisimama na mkate wangu mkononi. Nikapiga hodi kwa sauti isiyokuwa yangu. Kicheko kikakatwa. Nyayo zikakokoteka, kabati likafungwa, kisha mlango ukafunguliwa, na Bi Kamera akasimama hapo na uso wa kila siku.

"Karibu, karibu. Idi njema. Nikutilie chai?"

Nikapita moja kwa moja nikaweka kiganja juu ya televisheni. Ilikuwa ya moto.

"Ulikuwa ukitazama nini?"

"Vitu vyangu."

"Vyako?"

"Vyangu mimi na yeye," akasema, wala hakuinamisha macho.

Chai sikunywa. Nikawa sikanyagi tena Barani ila kwa msiba au kumsalimu baba, na hapo nazunguka njia ya nyuma. Mume wangu akaniambia, "Humwonei wivu mwanamke yeyote kwangu mimi, wamwonea huyo bibi wa watu?" Nikamjibu kwamba kwake yeye sijaona cha kuonewa wivu. Tulicheka, lakini jambo lenyewe halikuwa la kucheka. Kila nilipokosana na binti yangu, kila nilipotaka kuuliza wali wa nazi wa mama ulikuwa ukikolezwaje, nilimwona yule bibi ameketi kwenye kochi lake akimtazama mama aliye hai.

Arusi nazo zikabadilika. Simu zilipoingia, kila msichana akawa mpiga video, na sasa mlangoni mwa ukumbi husimama mwanamke wa kubandika karatasi juu ya jicho la kila simu. Bi Kamera haitwi tena. Nilimsikia akisema kwenye matanga fulani, "Zamani waliniogopa mimi mmoja. Leo waogopane wote." Nikacheka moyoni. Nilifurahi kwamba kuna kitu naye amenyang'anywa.

Kisha mwaka huu, baada ya mvua ya masika, akanipigia simu. Namba yangu sijui aliipata wapi.

"Mikanda yaota ukungu," akasema bila salamu. "Nimeifungua leo, mingine imekuwa myeupe. Njoo nayo hiyo kompyuta yako. Lakini uje wewe, si fundi."

Nilikwenda Jumamosi iliyofuata. Binti mmoja ninayefanya naye kazi kwenye duka la dawa Kilifi alikuwa amenionyesha kidude cha kuunganisha deki na kompyuta, na kitufe chekundu cha kubonyeza. Alinionya: mkanda hauharakishwi, lazima uchezwe wote, na mtu akae.

Bi Kamera amezeeka. Amekuwa mwembamba, sauti imebaki ile ile. Aliyafunga madirisha mwenyewe, akaning'iniza leso juu ya lile la barabarani, joto likatuzingira. Akaufuta mkanda wa kwanza kwa kitambaa na spiriti, polepole. Mwingi ulikuwa umekwisha. Tulitazama chenga na mistari na muziki uliokuwa ukizama na kuibuka. Halafu, katikati ya mistari, mama akatokea na sinia ya vikuba kichwani.

Nikashika kochi. Yeye akasema, "Huyo," kwa sauti ndogo, kana kwamba amechelewa kuja na sasa kafika.

Tulikaa hivyo alasiri ile yote, bega kwa bega, watu wawili wasiopendana. Katika arusi ya nne au ya tano, mama akamwangalia tena mshika kamera kwa macho yale, na mimi nikashindwa.

"Mbona mimi hakuniangalia hivyo?"

Nilidhani atanipoza. Hakunipoza. Alifikiri kwanza.

"Wewe ulikuwa mwanawe," akasema. "Wewe alikuangalia aone umekula, umeoga, una homa. Mimi hakuwa na la kuniangalilia. Aliniangalia tu."

"Na hilo tu ndilo nililotaka."

"Najua. Ulikuwa ukituchungulia kibarazani. Na mimi nilikuwa nikilitaka lako. Akiwa kwangu, ukikohoa tu ng'ambo, ananiacha na kikombe mkononi."

Sikulijua hilo. Akaubadilisha mkanda.

Mkanda wa mwisho ulikuwa umefungwa kwa kipande chekundu, nao haukuwa wa arusi. Ulikuwa chumba kile kile tulichoketi, mchana, jua dirishani. Picha ilitikisika, mshikaji hakuwa mzoefu. Katika picha alikuwa Bi Kamera, kijana, nywele kazisuka, ambaye sikuwahi kumwona kwenye mkanda wowote kwa kuwa hakukubali kupigwa na mtu. Alikuwa akijifunika uso kwa leso na kukimbia pembeni. Na nyuma ya kamera, karibu kabisa, mpaka pumzi zake zilisikika, alikuwa mama.

"Shoga, hebu geuka. Wacha kujificha bwana. Wewe watuona sote kila siku, na wewe nani akuone? Haya, nakuona. Tulia hapo. Nakuona."

Sauti ile sikuijua. Ilikuwa ya mama, lakini haikuwa na haraka wala sare wala vyombo ndani yake. Nilihisi wivu wote wa utotoni umenirudia kwa pamoja, mzima, kama vile haujawahi kulala.

"Zima kitufe," Bi Kamera akasema. "Huu si wako. Mamako hayumo."

"Yumo," nikasema.

Hatukutazamana. Mkanda ukaendelea, na kidoti chekundu kikaendelea kumeta kwenye kompyuta.

"Bi Kamera, mkanda ukiingia kwangu hautoki kwako. Utabaki nao, na mimi nitabaki nao. Na kwa ukungu huu, mwakani hautacheza tena. Utapotea."

"Nafahamu."

"Basi kwa nini?"

"Kwa sababu hiyo mingine yote nimekupa," akasema. "Uso wake wote nimekupa. Huu sitaki uwe na mtu."

Hivyo ndivyo nilivyojua kwamba kwa wivu nilikuwa nimekutana na aliyenishinda. Nikazima. Asije akadhani nilimfanyia wema, na wewe usomaye usidhani hivyo. Nilizima kwa sababu sauti ile haikuwa ikisema na mimi, na sikuweza kuibeba mpaka Kilifi nikawa naisikiliza nyumbani kwangu, mama akimwambia mtu mwingine kwamba anamwona.